Mwigo katika Mafunzo ya Tiba ya Moyo

Wahenga walinena kwamba kufanya kosa si kosa, kosa ni kurudia kosa. Mhunzi akikosea jembe hulirudisha motoni; mshairi akikosea vina huufuta mshororo na kuuandika upya. Katika wodi ya wagonjwa wa moyo, hata hivyo, methali hii hupungukiwa na nguvu. Moyo ukisimama, ubongo huanza kudhurika baada ya dakika chache tu za kukosa oksijeni, na kosa la kwanza laweza kuwa la mwisho. Makala haya yanakusudia kueleza jinsi mwigo unavyowapa wahudumu wa afya mahali pa kukosea pasipo mtu kupoteza uhai.

Mwigo ni mbinu ya kufunza ambapo hali ya ugonjwa huundwa kwa makusudi, kwa kutumia sanamu, kompyuta au mtu anayejifanya mgonjwa, ili mwanafunzi atende kama ambavyo angetenda wodini. Mnamo mwaka wa 1960, Kouwenhoven, Jude na Knickerbocker wa Johns Hopkins, mjini Baltimore, Marekani, walichapisha utafiti ulioonyesha kwamba moyo uliosimama waweza kusaidiwa kusukuma damu kwa kukandamiza kifua kwa mikono mitupu. Swali likazuka: watu wangejifunzia wapi? Kumkandamiza hivyo mtu mzima wa afya kwaweza kumvunja mbavu. Mwaka uo huo, Asmund Laerdal, mtengenezaji wa vitu vya watoto kutoka Stavanger, Norway, alitoa sanamu iitwayo Resusci Anne, ambayo kifua chake hubonyea na kuinuka.

Mnamo mwaka wa 1968, Dkt. Michael Gordon wa Chuo Kikuu cha Miami alidhihirisha sanamu nyingine, Harvey. Hii huigiza mapigo ya mishipa, shinikizo la damu na sauti za moyo wenye maradhi mbalimbali. Umuhimu wa ustadi huo hapa Kenya ni dhahiri. Ugonjwa wa vali za moyo, unaotokana na maambukizi ya koo yasiyotibiwa ipasavyo, ungali unawapata watoto na vijana. Daktari anayeweza kuitambua kwa sikio sauti ya damu inayovuja kwenye vali humtambua mgonjwa mapema, hata pale ambapo mashine za kupigia picha ya moyo hazipo. Sikio hilo halizaliwi. Hufunzwa kwa kusikiliza mara nyingi, na si haki mgonjwa mmoja asikilizwe kifua na wanafunzi hamsini.

Katika zoezi la kawaida, sanamu "huzimia" ghafla. Wanafunzi hutakiwa kukandamiza kifua mara 100 hadi 120 kwa dakika, kwa kina cha sentimita 5 hadi 6, na kupokezana kila baada ya dakika 2, kwani mkono uliochoka hukandamiza kijuujuu. Aidha, hutakiwa kusoma mchoro wa umeme wa moyo na kuamua: moyo unaotetemeka ovyo hushtuliwa kwa umeme, bali ule ulionyamaza kabisa haushtuliwi. Kidole kimoja hakivunji chawa. Kwa hiyo hufunzwa pia kugawana kazi, kutoa amri kwa sauti na kuirudia amri waliyopewa ili kuhakikisha imesikika.

Zoezi likiisha, mwalimu huketi na wanafunzi kujadili nani alichelewa, nani alinyamaza na kwa nini. Hapa ndipo elimu hasa inapopatikana. Zoezi lisilofuatwa na mjadala ni mchezo tu.

Wapo wadaio kwamba mbinu hii ni ya matajiri. Ni kweli kwamba sanamu zenye kompyuta ni ghali. Hata hivyo, mpangilio wa kazi na mawasiliano vyaweza kufunzwa kwa sanamu sahili na saa ya ukutani. Wala sanamu haichukui nafasi ya mgonjwa, kwa kuwa haina hofu wala jamaa wanaolia mlangoni. Huruma hujifunzwa kwa binadamu.

Yafaa basi vyuo vyetu vya tiba na uuguzi viyape mazoezi haya nafasi ya kudumu katika ratiba. Mwanafunzi na akosee, aelezwe, akosee tena hadi mkono uzoee. Mgonjwa wa moyo hastahili kuwa daftari la majaribio.