Nyumba ya Milioni Tatu Yalipwa kwa Milioni Tisa

Mkulima aendapo mnadani kununua ng'ombe wa maziwa hatoi fedha zake upesi. Atamwangalia meno, atazipapasa chuchu zote nne, atauliza amezaa mara ngapi na hutoa maziwa kiasi gani. Lakini mkulima yule yule aendapo benki kukopa fedha za kujengea nyumba, mara nyingi huuliza jambo moja tu: "Nitalipa shilingi ngapi kwa mwezi?" Akitajiwa kiasi anachokiweza, anatia sahihi, naye anaiacha hati ya shamba lake mezani.

Swali hilo si baya, ila halitoshi. Ng'ombe akiwa mbaya utapata hasara ya ng'ombe mmoja. Mkopo wa nyumba unaweza kukaa shambani miaka 20, na wanao wakaukuta.

Tutoe mfano. Bwana na bibi wa upande wa Kericho wana ekari tatu za chai, na bibi ni mwalimu wa shule ya msingi. Wanataka kujenga nyumba ya mawe mahali pa ile ya zamani ya mabati. Benki yakubali kuwakopesha Shs. 3,000,000 kwa miaka 20, kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka. (Riba ya kiasi hicho haikuwa ngeni katika mabenki ya Kenya mwaka 2023 na 2024.) Shamba la chai linawekwa rehani. Karani anawaambia kwamba watalipa Shs. 37,306 kila mwezi. Bwana anamtazama bibi, bibi anafikiri juu ya mshahara wake na fedha za majani ya chai, na wote wawili wanaona kwamba jambo hilo lawezekana.

Sasa chukua kalamu. Miaka 20 ni miezi 240. Shs. 37,306 mara 240 ni Shs. 8,953,440. Wamekopa milioni tatu, nao watarudisha karibu milioni tisa. Riba peke yake ni Shs. 5,953,440. Yaani watajenga nyumba moja na kulipia karibu nyumba tatu.

Msomaji asidhani kwamba hapo benki imewadanganya. Hesabu ni sawa, na asilimia 14 ni ile ile waliyoambiwa. Kinacholeta jumla hiyo kubwa ni muda, na ndicho tunachotaka kukieleza.

Fedha za mwezi wa kwanza zinakwenda wapi

Riba huhesabiwa juu ya deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni ni Shs. 3,000,000 kamili. Asilimia 14 ya fedha hizo kwa mwaka ni Shs. 420,000, gawanya kwa miezi 12, utapata Shs. 35,000. Basi katika zile Shs. 37,306 walizolipa, Shs. 35,000 ni riba. Zinazopunguza deni ni Shs. 2,306 tu. Mwezi wa pili deni ni Shs. 2,997,694, riba ni Shs. 34,973, na deni linapungua kwa Shs. 2,333. Ndivyo linavyokwenda, polepole kama kinyonga.

Baada ya miaka mitano, bwana na bibi hawa watakuwa wamelipa Shs. 2,238,360 bila kukosa hata mwezi mmoja. Wakiuliza wamebakiwa na deni kiasi gani, wataambiwa Shs. 2,801,000 na kitu. Deni limepungua kwa Shs. 199,000 tu, au karibu. Hapo ndipo watu wengi hukasirika na kusema wameibiwa. Baada ya miaka kumi, yaani nusu ya safari, watakuwa wamelipa Shs. 4,476,720, na deni bado ni zaidi ya Shs. 2,400,000. Nusu ya deni haitakuwa imelipwa mpaka mwaka wa 16.

Jambo hili lafaa kujulikana hasa na mtu anayedhani kwamba ataweza kuiuza nyumba baada ya miaka mitano na kupata fedha nyingi mkononi. Deni litachukua fungu lake kwanza, na wakati huo bado ni zima.

Wakulima wa Kenya wameliona jambo hili zamani. Mpango wa Swynnerton wa mwaka 1954 ulipowapa watu hati za mashamba, nia mojawapo ilikuwa mkulima awe na kitu cha kuweka dhamana apate mkopo. Halafu kuanzia 1962, watu waliopewa mashamba katika makazi mapya ya ule mpango wa ekari milioni moja walikopeshwa bei ya ardhi kwa miaka 30, kwa riba ya asilimia 6 na nusu. Riba hiyo ilionekana ndogo, na kweli ilikuwa ndogo. Hata hivyo, kwa kila Shs. 100 za mkopo wa namna hiyo, mtu alipaye miaka yote 30 hurudisha zaidi ya Shs. 225. Wengi walichelewa kulipa, na madeni ya mashamba hayo yalizungumzwa kwa miaka mingi baadaye. Riba ndogo ikipewa muda mrefu hufanya kazi ya riba kubwa.

Shilingi elfu mbili na mia sita

Turudi Kericho. Kabla ya kutia sahihi, bibi anamwambia karani, "Tupigie hesabu ya miaka 15." Karani anapiga: malipo ni Shs. 39,952 kwa mwezi. Yamezidi yale ya miaka 20 kwa Shs. 2,646. Jumla ya miaka 15 ni Shs. 7,191,360. Basi kwa kuongeza Shs. 2,646 kwa mwezi, wataokoa Shs. 1,762,080 na kuipata hati yao miaka mitano mapema. Je, kwa miaka 10? Malipo ni Shs. 46,580 kwa mwezi, na jumla ni Shs. 5,589,600. Hapo watakuwa wameokoa Shs. 3,363,840, zaidi ya fedha zote walizokopa.

Hatusemi kila mtu achukue miaka 10. Mkulima ajifungaye kwa malipo asiyoyaweza atashindwa mwaka wa kwanza wa ukame, na kushindwa kuna gharama kubwa kuliko riba. Lakini yafaa kila mtu aombe hesabu tatu, si moja, aende nazo nyumbani, azilalie.

Kuna njia nyingine inayomfaa mkulima kuliko mtu wa mshahara mtupu, kwa sababu mkulima hupata fedha kwa mkupuo: bonasi ya chai, mavuno ya mahindi, fahali aliyenona. Wakitoa Shs. 100,000 za bonasi mwisho wa mwaka wa kwanza na kuzipeleka zote katika deni, huku wakiendelea na malipo yao ya kila mwezi kama kawaida, watamaliza mkopo wa miaka 20 mapema kwa miaka miwili na miezi saba hivi. Riba watakayokuwa wameiepuka inapita Shs. 1,000,000. Shilingi hizo hizo zikitolewa mwaka wa 18 hazisaidii sana, maana wakati huo sehemu kubwa ya riba imekwisha kulipwa. Ni kama mbolea: wakati wa kuitia ndio wenye maana.

Lakini angalia mambo mawili. Kwanza, mwambie mkopeshaji kwa maandishi kwamba fedha hizo zipunguze miaka, wala si malipo ya mwezi. Pili, uliza mapema kama kuna ada ya kulipa kabla ya wakati, na ni kiasi gani. Limo katika karatasi zile ndefu ambazo watu hutia sahihi bila kusoma.

Riba inayohama

Mikopo mingi ya nyumba hapa Kenya ina riba inayobadilika. Benki Kuu ikipandisha riba yake, mabenki nayo hupandisha. Kuanzia Aprili 2020 riba ya Benki Kuu ilikuwa asilimia 7, na ilikaa hapo mpaka Mei 2022. Kufika Februari 2024 ilikuwa asilimia 13. Baadaye ilishushwa tena, lakini aliyekopa mwaka 2021 alikuwa ameionja.

Tuseme riba ya rafiki zetu ipande kutoka asilimia 14 mpaka 17 katika mwaka wa kwanza. Riba ya mwezi peke yake itapita Shs. 42,000, nao hulipa Shs. 37,306. Maana yake ni kwamba malipo yao hayatoshi hata riba, na wasipoongeza, deni litakua badala ya kupungua, ingawa wanalipa kila mwezi. Benki itawaandikia barua kuwaambia walipe kama Shs. 44,000, au itaongeza miaka. Barua ya kuongeza miaka huonekana kama msaada. Isome mara mbili.

Kadhalika jihadhari na mkopeshaji anayetaja riba ndogo isiyopungua, yaani inayohesabiwa juu ya mkopo wote wa mwanzo mpaka mwisho. Asilimia 10 ya namna hiyo juu ya Shs. 3,000,000 kwa miaka 10 ni riba ya Shs. 3,000,000, na malipo ya Shs. 50,000 kwa mwezi. Ni ghali kuliko ile asilimia 14 inayopungua, ambayo ilikuwa Shs. 46,580. Asilimia bila kujua inahesabiwaje ni neno tu.

Kwa upande mwingine, tangu kuundwa kwa Kenya Mortgage Refinance Company mwaka 2018, baadhi ya mabenki na vyama vya akiba na mikopo hupata fedha huko na kuzikopesha kwa riba ya chini ya asilimia 10. Kampuni hiyo haimkopeshi mtu mmoja mmoja. Yapasa uulize katika SACCO yako kama imo. Mkopo ule ule wa miaka 20 kwa asilimia 9 hulipwa Shs. 26,992 kwa mwezi, na jumla Shs. 6,478,080. Ni vema kutembea siku mbili kuitafuta tofauti hiyo.

Gharama nyingine ni ndogo, lakini huja zote siku moja: mthamini wa shamba, wakili, bima ya maisha na ya moto, ada ya benki, na ushuru wa stempu wa shilingi moja kwa kila elfu ya rehani. Anayenunua nyumba badala ya kujenga ana ushuru zaidi, asilimia 2 ya bei shambani na asilimia 4 mjini. Shamba la kilimo haliwekwi rehani bila ruhusa ya Bodi ya Ardhi.

Ni haki pia kusema kwamba shilingi ya mwaka wa 20 si sawa na shilingi ya leo; itanunua vitu vichache, na kwa hiyo ile milioni tisa si nzito kama inavyoonekana. Na nyumba italaliwa miaka yote hiyo. Lakini bei ya chai haina ahadi ya kupanda pamoja na bei ya sukari, na mkulima hapaswi kutegemea jambo hilo. Kuna na wale wanaojenga kidogo kidogo, msingi mwaka huu, kuta mwaka ujao, bila deni. Ndio wengi: mwisho wa mwaka 2023 nchi nzima ilikuwa na mikopo ya nyumba ya mabenki ipatayo 30,000 tu. Hatuwacheki hata kidogo.

Malipo yakikwama

Mkopaji akikosa kulipa kwa mwezi mmoja, Sheria ya Ardhi ya 2012 yaitaka benki impe ilani ya miezi mitatu. Akishindwa, yaja ilani ya siku 40 kwamba shamba litauzwa, na dalali naye hutoa siku 45. Shamba lazima lithaminiwe kabla ya mnada. Likiuzwa kwa bei iliyo chini ya robo tatu ya thamani yake sokoni, mwenyewe aweza kwenda mahakamani. Nyumba ya familia haiwezi kuwekwa rehani pasipo kibali cha mke au mume. Siku hizo zote riba inaendelea kuhesabiwa. Iko sheria ya mabenki, iliyoanza kutumika mwaka 2007, inayozuia riba ya mkopo ulioharibika isizidi deni lililokuwapo siku ulipoharibika; lakini haimsaidii anayelipa vizuri, maana mkopo wake haujaharibika. Mtu akiona hatari, afadhali aende benki kabla ya ilani ya kwanza, akiwa na karatasi zake za chai mkononi.

Na siku ya malipo ya mwisho, usirudi nyumbani kusherehekea tu. Daftari la ardhi bado laonyesha kwamba shamba limo rehani. Idai benki karatasi ya kuondoa rehani iliyotiwa sahihi, ipeleke ofisi ya ardhi iandikishwe, kisha omba kuonyeshwa kwamba jina la benki limefutwa. Hapo ndipo uchukue hati yako uende nayo.