Barua Igongwe Muhuri Kabla Hujaondoka Kaunta

Wengi wanaodai ardhi waliyogawiwa na serikali ya Kenya hufika kwa wakili na barua ya ugawaji ndani ya mfuko wa plastiki, imetunzwa miaka na mikaka. Wakili huisoma, kisha huuliza: risiti iko wapi? Na ile barua ya kukubali uliyoipeleka ofisi ya ardhi, nakala yake unayo? Hapo mteja hunyamaza.

Barua ile huja na masharti. Uikubali kwa maandishi, ulipe ada, kwa kawaida ndani ya siku 30. Mwaka 1999 kampuni ya Renton ilipewa barua kama hiyo kwa ardhi ya Embakasi, Nairobi. Malipo yakafanywa 2001, muda umeshapita, kisha kampuni ya Torino Enterprises ikainunua ardhi hiyo. Septemba 2023, katika kesi ya Torino, Mahakama ya Juu iliamua kwamba barua ya ugawaji peke yake haimfanyi mtu mwenye ardhi, wala hawezi kuiuza. Aprili mwaka huohuo, katika kesi ya Dina Management na Kaunti ya Mombasa kuhusu kiwanja cha ufuoni Nyali, alichogawiwa Rais Daniel arap Moi mwaka 1989, hata hatimiliki haikutosha: majaji walitaka kujua ilipatikanaje.

Naunga mkono hukumu hizo. Ripoti ya tume ya Paul Ndung'u ilikwisha kutuonyesha jinsi ardhi ya umma ilivyoliwa kwa makaratasi. Kinachoniuma ni mnyonge aliyefuata utaratibu. Alipeleka fomu zake, karani akazipokea kwa mkono, akamwambia arudi wiki ijayo. Faili likapotea. Leo anaapa kwamba alizipeleka; wakili wa serikali anajibu kwamba hakuna kumbukumbu.

Basi nenda na nakala mbili. Moja ibaki ofisini, nyingine urudi nayo ikiwa na muhuri, tarehe na saini ya aliyepokea. Ukituma kwa posta, iwe rejista, na risiti uitunze. Ofisi ikikaa kimya, iandikie kwa mujibu wa Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016, inayoipa siku 21 kujibu; barua hiyo nayo igongwe muhuri. Karani akisema muhuri umefungiwa kabatini, kaa hapohapo kwenye benchi mpaka mwenye ufunguo arudi.