Vitabu vya Rwenzururu Vikisomwa Kutoka Mutwanga

Rwenzururu ni jina la harakati ya kujitenga iliyoanza upande wa Uganda wa milima ya Ruwenzori. Hata hivyo, habari zake zinawagusa moja kwa moja watu wa Mutwanga, makao ya sekta ya Ruwenzori katika teritwari ya Beni, upande wa Kongo. Wakonzo wa Kasese na Wanande wa Beni na Butembo ni ndugu, Wayira wote. Mapatano ya wakoloni ya mwaka 1910 yaliwapitishia mpaka katikati bila wao kuulizwa.

Chanzo cha mgogoro kilikuwa ufalme wa Toro nchini Uganda. Waingereza waliwaweka Wakonzo na Wamba chini ya ufalme huo, na malalamiko juu ya kodi, shule na vyeo yakarundikana kwa miaka mingi. Mwaka 1962, Uganda ikikaribia uhuru, wajumbe wao walitoka katika baraza la Toro wakidai wilaya yao wenyewe. Waliponyimwa, Isaya Mukirania, aliyekuwa mwalimu, alipanda mlimani na kuunda serikali yake huko. Alifariki mwaka 1966, akarithiwa na mwanawe Charles Mumbere, ambaye alikuwa bado mtoto.

Aliyeandika habari hizo mapema ni Mwingereza Tom Stacey. Alitembea milimani pamoja na Mukirania mwaka 1954, na mwaka 1963 Milton Obote, waziri mkuu wa Uganda, alimtuma kusuluhisha, bila mafanikio. Kitabu chake cha mwaka 1965, "Summons to Ruwenzori", kina joto la mtu aliyekula na kulala na anaowaeleza. Kwa sababu hiyo hiyo, hoja za Toro hazisikiki humo kwa nguvu. Kirsten Alnaes wa Norway alichagua njia nyingine: alikusanya na kuchambua nyimbo za uasi, na humo mwanakijiji anasema bila kusemewa na kiongozi. Martin Doornbos, mtaalamu wa siasa, alifuatilia suala hili kwa miongo kadhaa, hadi kitabu chake cha mwaka 2017. Kwake, kiini cha madai ni kutambuliwa. Historia inamuunga mkono: Mumbere alishuka mlimani mwaka 1982 kwa mapatano, na serikali ikautambua ufalme wa Rwenzururu mwaka 2009. Lakini Novemba 2016 jeshi na polisi walishambulia ikulu yake mjini Kasese, na watu zaidi ya 100 wakauawa.

Upande wa Kongo, kujitenga kunakojulikana zaidi ni kwa Katanga, Julai 1960. Jules Gérard-Libois aliandika kitabu juu yake kwa Kifaransa mwaka 1963, akionyesha uzito wa shaba na wa makampuni ya Kibelgiji. Beni na Butembo hazikufuata njia hiyo. Wakati wa vita vya pili vya Kongo, eneo hilo lilikuwa mikononi mwa kundi la waasi la RCD-K/ML la Mbusa Nyamwisi, likijiendesha lenyewe bila kudai nchi mpya, na mwaka 2003 kundi hilo likaingia katika serikali ya mpito ya Kinshasa. Timothy Raeymaekers, katika kitabu chake cha mwaka 2014, anaonyesha jinsi wafanyabiashara wa Butembo walivyowalipa waasi ushuru mapema ili bidhaa zao zivuke mpaka wa Kasindi kwa masharti nafuu. Hiki ndicho kitabu kinachostahili kusomwa kwanza na mtu wa Mutwanga, maana kinaonyesha kwamba eneo linaweza kujitawala kwa forodha bila kutangaza uhuru.

Kinachofuata kwa umuhimu ni cha Lindsay Scorgie, cha mwaka 2022, kuhusu kundi la waasi wa Uganda la ADF. Kundi hilo liliungana na mabaki ya kundi jingine la waasi, NALU, ambalo Amon Bazira aliliunda kwa kuwategemea Wakonzo waliokuwa Rwenzururu. Wengi hulieleza kama kundi la kigeni la kidini tu. Scorgie analirudisha kwenye maisha ya mpakani, kwenye ndoa, biashara na manung'uniko ya zamani yaliyolipatia kundi maficho upande wa Kongo. Maelezo hayo hayapunguzi hata kidogo uovu wa mauaji yaliyofanywa na ADF huko Mwenda na Loselose. Yanaonyesha wauaji walipitia wapi kufika huko.