Mkimbizi na mkimbiaji: mbio fupi za binti wa Kakuma

Kitenzi kukimbia kimezaa watu wawili katika lugha yetu. Wa kwanza ni mkimbizi, wa pili ni mkimbiaji. Umbo mkimbizi limeundwa kwa njia ile ile iliyotupatia mnunuzi kutokana na kununua, na mchukuzi kutokana na kuchukua. Sauti z tunayoisikia humo ni alama ya konsonanti ya kale iliyokwisha kudondoka katika kitenzi chenyewe, lakini ambayo ingali ikijitokeza tusemapo nunulia, chukulia na kimbilia. Umbo mkimbiaji nalo limebeba kiambishi -aji, ambacho aghalabu humtaja mtu atendaye jambo kwa mazoea au kwa kazi yake: mwimbaji, mchezaji, mfugaji. Kamusi huyaweka maneno haya katika vidahizo viwili tofauti, na mzungumzaji wa kawaida hayachanganyi. Mkimbizi hutuletea huruma, na pengine shaka. Mkimbiaji hutuletea bendera na nishani.

Hata hivyo, kuna mahali nchini Kenya ambapo watu hawa wawili walikutana katika mwili mmoja. Mahali hapo ni Kakuma, kaunti ya Turkana, kilomita zipatazo 120 kutoka Lodwar kwa barabara iendayo Lokichoggio, kando ya mto Tarach ambao kwa sehemu kubwa ya mwaka huwa mchanga mtupu. Kambi ya hapo ilianzishwa mwaka 1992 kuwapokea vijana waliotembea kwa miguu kutoka vita vya Sudan. Leo, pamoja na makazi ya Kalobeyei yaliyo jirani, inahifadhi watu wapatao laki tatu.

Miongoni mwa waliofika hapo ni Rose Nathike Lokonyen. Aliingia Kakuma mwaka 2002 akiwa bado mtoto, pamoja na wazazi wake, wakitoroka mapigano katika eneo la Chukudum, kusini mwa nchi ambayo wakati huo ilikuwa bado Sudan moja. Mwaka 2008 wazazi wake walirejea kwao, naye akabaki kambini na wadogo zake. Kutokea hapo alikuwa mwanafunzi na mlezi kwa wakati mmoja.

Riadha ilimjia kwa kuchelewa. Mwaka 2015 wakfu wa Tegla Loroupe uliandaa mbio za kilomita kumi kambini ili kusaka vipaji, na ni mwalimu wake aliyemhimiza ashiriki. Hakuwa amefanya mazoezi, wala hakuwa na viatu vya mbio. Alikimbia miguu mitupu akamaliza wa pili. Mwandalizi mwenyewe hakuwa mgeni wa mambo haya. Loroupe, mwanamke wa kwanza wa Afrika kushinda mbio za marathoni za New York, mwaka 1994, ni mzaliwa wa Pokot Magharibi. Anaijua vema historia ya wizi wa mifugo na umwagaji damu baina ya watu wake na jirani zao Waturkana, na kwa miaka mingi ametumia mbio kuwakutanisha vijana wa pande hizo.

Rose na wenzake waliochaguliwa walihamishiwa Ngong, karibu na Nairobi, kwa mazoezi. Juni 2016 Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki ilitangaza kikosi cha kwanza cha wakimbizi katika historia ya michezo hiyo. Kilikuwa na watu kumi, na watano kati yao walitoka Sudan Kusini kwa njia ya Kakuma: Rose, Anjelina Nadai Lohalith, James Nyang Chiengjiek, Yiech Pur Biel na Paulo Amotun Lokoro. Tarehe 5 Agosti, katika uwanja wa Maracanã mjini Rio de Janeiro, Rose ndiye aliyebeba bendera ya kikosi hicho. Hata bendera yenyewe haikuwa ya nchi yoyote. Ilikuwa ile ya Olimpiki, yenye pete tano.

Siku kumi na mbili baadaye alisimama kwenye mstari wa mita 800. Alitumia dakika 2 na sekunde 16.64, akatolewa katika mchujo wa kwanza. Fainali ya mbio hizo ilishindwa kwa dakika 1 na sekunde 55.28, na Mkenya Margaret Wambui akapata nishani ya shaba. Kwa hesabu hiyo, kama Rose angalikimbia na mshindi huyo, angaliachwa zaidi ya mita 100 nyuma. Mjini Tokyo, katika michezo iliyoahirishwa hadi 2021, alirudi kwenye umbali ule ule, akakimbia kwa dakika 2 na sekunde 11.87, na akatolewa tena katika mchujo wa kwanza.

Wapo watakaosema kwamba hizi zilikuwa mbio za sakafuni, na kwamba mbio hizo, kama wahenga walivyonena, huishia ukingoni. Watauliza: je, mtu ambaye hakuwahi kuvuka mchujo anastahili kuandikwa gazetini? Je, kikosi chenyewe hakikuwa maonyesho tu, ya kuwafanya wakubwa wa dunia wajihisi wema kwa majuma mawili? Swali hili si la kupuuzwa. Ni kweli kwamba makofi ya Rio hayakumtoa mkimbizi hata mmoja katika foleni ya chakula cha msaada. Ni kweli pia kwamba michezo ya kimataifa hupenda hadithi za machozi, na zikiisha hutafuta nyingine.

Lakini anayepima mbio kwa saa peke yake anasahau kuuliza saa hiyo ilianza kuhesabu lini. Wanariadha wengi wa Bonde la Ufa hukimbia mashindano ya shule tangu utotoni, chini ya macho ya makocha. Rose aliingia mashindano yake ya kwanza ya maana karibu na umri wa miaka ishirini. Mkimbizi wa Kakuma huhitaji kibali ili atoke kambini. Hana timu ya taifa ya kumwita, kwa kuwa si raia wa nchi anakoishi wala hawezi kurudi anakotoka. Na ugonjwa wa Korona ulipoingia mwaka 2020, kambi ya mazoezi ya Ngong ilifungwa, wanariadha wakarudishwa Kakuma, kwenye joto na vumbi, wakati wapinzani wao wakijinoa kwa namna nyingine. Kupunguza karibu sekunde tano katika mita 800 baada ya yote hayo ni kazi ya mkimbiaji, kwa maana kamili ya kile kiambishi -aji.

Tukumbuke pia kwamba ufupi wa safari si aibu hata kwa mabingwa. Paul Ereng, Mturkana aliyezaliwa Trans Nzoia na kusomea Starehe, alikuwa mkimbiaji wa mita 400 hadi mwaka 1988, alipohamia mita 800. Mwaka huo huo, mjini Seoul, aliwashinda Joaquim Cruz wa Brazil na Said Aouita wa Morocco na kutwaa dhahabu ya Olimpiki kwa dakika 1 na sekunde 43.45. Alikuwa bingwa wa dunia wa mbio za ukumbini mwaka 1989 na tena 1991, lakini mjini Barcelona mwaka 1992 hakufika fainali. Miaka minne ikawa imetosha kupanda na kushuka. Hata hivyo kazi yake haikukoma. Aligeuka kuwa mwalimu wa riadha katika chuo kikuu cha Texas, El Paso, na mmoja wa waliopitia mikononi mwake ni Emmanuel Korir, ambaye alishinda dhahabu ya mita 800 mjini Tokyo, katika michezo ile ile aliyokimbia Rose.

Ndivyo ilivyokuwa hata kwa vijana wa Kakuma. Yiech Pur Biel, aliyetolewa katika mchujo Rio, mwaka 2022 alichaguliwa kuwa mjumbe wa Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, mkimbizi wa kwanza kuketi hapo. Mwaka huo huo Rose alipata nafasi ya kwenda kusoma Canada. Na katika michezo ya Paris ya 2024, Perina Lokure Nakang, binti mwingine kutoka Kakuma, alisimama kwenye mstari wa mita 800 uliowahi kusimamiwa na Rose. Mstari huo una jambo la kutafakari: anayekimbia mita 800 huzunguka uwanja mara mbili, akamalizia pale pale alipoanzia. Aliyemtazama mwanzoni na mwishoni tu angedhani hakwenda popote.

Ninawaandikia haya walimu na wanafunzi kwa sababu moja. Katika habari yote hii, tendo lililofungua mlango lilikuwa dogo mno: mwalimu wa shule ya kambini alimtazama mwanafunzi wake akamwambia ashiriki mbio. Hakuwa na uwanja wa kisasa wala saa ya umeme. Alikuwa na jicho. Shule ngapi zetu, Lodwar, Kakuma na kwingineko, zimekifuta kipindi cha michezo katika ratiba ili kuongeza saa za kukariri majibu ya mtihani? Na ni vipaji vingapi, vya watoto wa wenyeji na vya watoto wa wageni, vimefukiwa hivyo bila hata mtu kujua vilikuwapo?

Serikali ya Kenya ilipitisha Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 2021, na mwezi Machi 2025 ikazindua Mpango wa Shirika, wenye nia ya kuzigeuza kambi ziwe miji ambamo wakimbizi na wenyeji watapata huduma kwa pamoja. Mipango ya aina hii hujadiliwa kwa lugha ya barabara, maji na hospitali, na ni haki kufanya hivyo. Lakini mashindano ya shule nayo yaingie katika hesabu. Mtoto wa Lodwar aliyezaliwa katika boma la wafugaji na mtoto wa Kakuma aliyezaliwa chini ya turubai wakipangwa kwenye mstari mmoja, kila muhula, mwamuzi hatamwuliza yeyote karatasi zake. Atatazama nani anatangulia kufika.

Lugha haigawi watu kwa sheria zake yenyewe. Sisi tunaoizungumza ndio tunaochagua neno la kumwita mtu. Rose Nathike Lokonyen aliitwa mkimbizi kwa zaidi ya miaka kumi kabla ya mtu yeyote kumwita mkimbiaji. Mwalimu aliyesoma makala hii asisubiri Olimpiki ili ampe mwanafunzi wake jina hilo la pili.