Matunda kwa Simbilisi: Yapi Yanafaa, Kiasi Gani, na Yapi ni Sumu

Katika nyumba nyingi za kaunti yetu, simbilisi huletwa na watoto. Mtoto hupewa mmoja na rafiki wa shuleni, au hununuliwa sokoni akiwa ndani ya katoni, na kabla ya juma kuisha mnyama ana jina, ana kibanda na ana sahani ya maganda ya ndizi. Wengine humwita ginipigi, wengine nguruwe wa Guinea, ingawa si nguruwe na asili yake si Guinea. Ni mnyama mgugunaji aliyeanza kufugwa maelfu ya miaka iliyopita katika milima ya Andes, Amerika Kusini, na nchini Peru anafugwa hadi leo kwa ajili ya nyama.

Nyumbani kwangu tulikuwa naye mmoja, mweupe mwenye mabaka ya kahawia. Tulimpa ndizi kila siku na chakula cha sungura cha dukani, tukaamini kwamba tunamtunza vyema. Baada ya wiki chache alianza kuchechemea. Tulimlaumu mtoto, tukasema lazima amemwangusha. Mtoto alilia akikana, nasi hatukumwamini. Tulipomfikisha kwa daktari wa mifugo, alimpapasa magoti, akamtazama fizi, kisha akauliza, "Huyu anakula nini?" Mnyama hakuwa ameanguka. Alikuwa na kiseyeye, ugonjwa unaotokana na ukosefu wa vitamini C, na aliupata katika nyumba iliyokuwa ikimpa tunda kila siku.

Makala haya yanaeleza jinsi jambo kama hilo linavyotokea, na namna ya kumlisha simbilisi matunda bila kumdhuru.

Mwili usiotengeneza vitamini C

Ng'ombe, mbuzi, mbwa na sungura hujitengenezea vitamini C ndani ya miili yao. Simbilisi hawezi. Katika jambo hili anafanana na binadamu: asipoipata kwenye chakula, hana pengine pa kuipata, na mwili wake hauwezi kuiweka akiba kwa muda mrefu. Dalili zinaweza kuanza kuonekana ndani ya wiki 2 au 3 tu za ukosefu.

Simbilisi mzima mwenye uzito wa karibu kilo 1 anahitaji takriban miligramu 10 hadi 30 za vitamini C kila siku. Mwenye mimba, anayenyonyesha, mgonjwa na mchanga wanahitaji kiwango cha juu zaidi.

Hapo ndipo kosa letu lilipokuwa. Gramu 100 za ndizi zina takriban miligramu 9 tu za vitamini C. Ili apate miligramu 20, simbilisi angelazimika kula karibu ndizi mbili nzima kwa siku, pamoja na sukari yake yote. Kipande cha pera cha gramu 10 kinampa kiasi hicho hicho, kwa sababu pera lina zaidi ya miligramu 200 katika kila gramu 100. Robo ya pilipili hoho ya wastani inampa zaidi ya miligramu 20, tena ikiwa na sukari kidogo sana.

Chakula cha sungura nacho kilitupoteza. Kwa kuwa sungura hujitengenezea vitamini C, chakula chake huwa hakiongezwi vitamini hiyo. Simbilisi anayelishwa chakula hicho anashiba huku kiseyeye kikimnyemelea.

Nyasi kwanza, tunda baadaye

Kabla ya kuzungumzia tunda, ni lazima tuzungumzie nyasi, kwa maana ndizo chakula chake halisi. Simbilisi anapaswa kuwa na nyasi mbele yake usiku na mchana. Ukoka, nepia changa iliyokatwakatwa, majani mabichi ya mahindi na nyasi kavu za Boma Rhodes zinazouzwa kwa marobota, zote zinafaa.

Kuna sababu mbili. Ya kwanza ni meno. Meno ya simbilisi huendelea kukua maisha yake yote, na kutafuna nyasi ndiko kunakoyasaga yasirefuke kupita kiasi. Anayelishwa vyakula laini peke yake huota meno marefu yanayomzuia kula.

Sababu ya pili ni tumbo. Sehemu kubwa ya chakula chake huvundikwa na bakteria katika mfuko mkubwa ulioko mwanzoni mwa utumbo mpana. Bakteria hao wamezoea nyuzinyuzi za nyasi. Sukari nyingi ya matunda ikiwafikia kwa ghafla, wale wazuri hupungua, wabaya huongezeka, na tumbo hujaa gesi. Simbilisi hawezi kutapika. Gesi ikijaa, anaweza kufa katika muda wa saa chache.

Kwa hiyo mpe nyasi bila kikomo, mboga mbichi kidogo kila siku kwa ajili ya vitamini C, na tunda kama kionjo tu. Kwa mboga, pilipili hoho ndiyo bora. Sukuma wiki ina vitamini C, lakini pia ina kalsiamu nyingi, na kalsiamu ikizidi huweza kuleta vijiwe kwenye kibofu. Mpe jani dogo, si kila siku. Dania na majani ya karoti yanafaa kwa kubadilisha. Kabichi huleta gesi, hivyo ipunguze.

Kiasi cha tunda

Kipimo chepesi ambacho hata mtoto anaweza kukikumbuka ni hiki: kipande kisichozidi ncha ya kidole gumba cha mtu mzima, mara 2 au 3 kwa wiki. Ukiwa na simbilisi watatu, kila mmoja apewe chake, la sivyo mwenye nguvu atakula vyote.

Tunda ambalo hajawahi kulila lianze kwa kipande kidogo zaidi ya hicho, na lisichanganywe na jingine jipya siku hiyo. Angalia kinyesi chake kesho yake. Kikiwa vipunje vikavu vyenye umbo la kawaida, endelea. Kikilainika, acha matunda na umrudishe kwenye nyasi peke yake hadi kikae sawa.

Matunda yanayofaa

Pera: ndilo lenye vitamini C nyingi kuliko mengi yanayopatikana sokoni. Chagua lililoiva na uondoe mbegu ngumu.

Papai: lina vitamini C ya kutosha. Toa maganda na mbegu.

Chungwa: mpe kijisehemu kidogo kisicho na mbegu. Likizidi, asidi yake huweza kuchubua midomo. Kwa sababu hiyo hiyo, ndimu na limau zisitumike kabisa.

Stroberi: moja ndogo inatosha.

Embe: mpe nyama yake pekee. Ganda la embe lina utomvu unaowasha, na kokwa haifai.

Tufaha: toa mbegu zote, kwani zina kemikali inayogeuka kuwa sayanidi zinapotafunwa.

Tikiti maji: lina maji mengi na vitamini kidogo. Kipande kidogo siku ya joto hakina neno, lakini likizidi huleta kuhara.

Ndizi na zabibu: zina sukari nyingi. Mpe kipande chembamba cha ndizi au nusu ya zabibu, mara moja kwa wiki ikitosha. Zabibu kavu, tende na matunda yaliyokaushwa kwa jumla yasitumike, na vilevile yale ya mkebe yaliyotiwa sukari.

Onyo kuhusu parachichi

Tunda moja lazima litajwe peke yake, kwa sababu limejaa mashambani na majikoni mwetu. Parachichi, au avokado kama wengi tunavyoliita, ni sumu kwa simbilisi.

Mparachichi una kemikali iitwayo pasini. Imo katika majani, gome, ganda, kokwa na pia katika nyama ya tunda lenyewe. Binadamu hula parachichi bila tatizo, lakini kwa baadhi ya wanyama kemikali hiyo hudhuru misuli ya moyo na matiti. Mnyama huonekana mlegevu, hupumua kwa shida, huvimba, na anaweza kufa. Hakuna dawa maalumu ya kuiondoa sumu hiyo mwilini. Daktari anaweza tu kumsaidia mnyama apumue na moyo uendelee kufanya kazi.

Onyo hili haliishii kwa simbilisi. Sungura, mbuzi, ng'ombe, farasi na ndege wa kufugwa nao wamo hatarini. Ukipogoa miparachichi, usiyatupe matawi zizini. Ukimenya parachichi jikoni, maganda na kokwa yasiingie kwenye ndoo ya mabaki ya mifugo. Na kibanda cha simbilisi kisijengwe chini ya mparachichi ambao majani yake huanguka ndani.

Vingine vya kuepuka ni vitunguu vya aina zote, majani ya viazi na ya nyanya, viazi vyenye rangi ya kijani, maharagwe mabichi, majani mabichi ya muhogo, na lantana, ule mmea wenye maua ya rangirangi unaopandwa kwenye ua.

Kuandaa tunda

Osha tunda kwa maji safi yanayotiririka hata kama utalimenya, maana kisu hupeleka uchafu wa ganda ndani. Usimpe tunda lililooza, lililochacha au lenye ukungu. Kile ambacho wewe usingekila kwa sababu kimeharibika, yeye pia asipewe.

Kama tunda au nyasi zimetoka shambani mwako, kumbuka siku uliyopuliza dawa. Lebo ya kila dawa ya mimea huonyesha idadi ya siku za kungoja kabla ya kuvuna. Siku hizo zinawahusu wanyama kama zinavyotuhusu sisi. Epuka pia nyasi za kando ya barabara kuu na za mahali ambapo mbwa hujisaidia.

Mpe tunda asubuhi au jioni, sio jua likiwa kali, na uondoe mabaki baada ya saa chache. Tunda lililoachwa kibandani huchacha, huita nzi na siafu, na siafu wakiingia usiku simbilisi hana pa kukimbilia.

Maji safi yawepo wakati wote. Baadhi ya watu huyeyusha tembe za vitamini C kwenye maji ya kunywa. Njia hii haitegemeki, kwa sababu vitamini hiyo huharibika upesi ndani ya maji, na ladha yake huweza kumfanya mnyama akatae kunywa.

Dalili za kutazama

Kiseyeye huonyesha dalili hizi: kuchechemea au kukataa kutembea, viungo vilivyovimba, kulia anapobebwa, manyoya yaliyovurugika, fizi zinazotoa damu, kupungua uzito na vidonda visivyopona. Kikigunduliwa mapema, hutibika.

Matatizo ya tumbo huja kwa kasi zaidi: tumbo lililovimba na kuwa gumu, kujikunyata pembeni, kusaga meno, kuhara, au kutotoa kinyesi kabisa. Simbilisi ambaye hajala kwa saa 12 ni mgonjwa wa dharura. Usingoje kesho.

Tafadhali usimpe dawa zilizobaki nyumbani. Amoksilini na dawa nyingine za jamii ya penisilini, ambazo wengi wetu tunazo kabatini, huua bakteria wazuri wa tumbo la simbilisi, na dozi hizo za mdomo zinaweza kumuua yeye mwenyewe. Mweleze anayemtibu waziwazi kwamba mnyama ni simbilisi, si sungura.

Msaada unapatikana wapi

Chini ya Jedwali la Nne la Katiba ya 2010, ufugaji, huduma za matibabu ya mifugo na ustawi wa wanyama ni majukumu ya serikali za kaunti. Maana yake ni kwamba afisa wa mifugo katika wadi yako hayupo kwa ajili ya ng'ombe wa maziwa peke yake. Mkazi mwenye simbilisi mmoja wa mtoto ana haki ya kuuliza swali na kupata jibu. Fika katika ofisi ya wadi, eleza dalili, na ueleze bila kuficha mnyama amekuwa akila nini. Ukimlipa mtu binafsi akutibie mnyama, hakikisha amesajiliwa na Bodi ya Madaktari wa Mifugo ya Kenya.

Sheria nayo ipo. Sheria ya Kuzuia Ukatili kwa Wanyama, Sura ya 360, inamtaka anayefuga mnyama ampe chakula na maji yanayofaa. Lakini tunaamini wakazi wengi hawahitaji kutishwa kwa sheria. Wanaomdhuru simbilisi kwa tunda humdhuru kwa kumpenda bila kujua.

Wa kwetu alipona. Alipewa vitamini C na daktari, tukabadilisha sahani yake: nyasi nyingi, hoho kila siku, pera mara mbili kwa wiki. Baada ya siku kadhaa alianza kutembea sawasawa. Jambo lililobaki lilikuwa kumwomba mtoto msamaha, nasi tukamwomba. Siku hizi ndiye anayekata pera, na hupima kila kipande kwa kidole changu gumba kabla ya kumpa.