Brent: Jina Lililodumu Kuliko Mafuta Yake

Karibu kila taarifa ya habari za uchumi hutaja bei ya pipa la Brent. Wasikilizaji wengi hudhani Brent ni nchi, au kampuni kubwa ya mafuta. Ni eneo la mafuta lililo chini ya Bahari ya Kaskazini, yapata kilomita 186 kaskazini-mashariki mwa visiwa vya Shetland, na tangu Machi 2021 halijatoa hata pipa moja. Ili tujue jinsi bei inavyotajwa kwa jina la mahali palipokwisha kufungwa, inafaa kuanza na mwamba wenyewe.

Eneo la mafuta si ziwa lililofichika ardhini. Ni mwamba wenye vitundu vidogo mno, vilivyojaa mafuta, gesi na maji, nao umefunikwa na mwamba mwingine usiopenyeka. Huko Brent, mwamba wenye mafuta ni jiwe la mchanga la enzi ya Jurasiki, lililo zaidi ya mita 2,500 chini ya usawa wa bahari. Maji peke yake yana kina cha mita 140 hivi.

Kampuni ya Shell, iliyokuwa na ubia wa nusu kwa nusu na Esso, iliyagundua mafuta hayo mwaka 1971, ikanyamaza. Sababu ya ukimya ilikuwa mnada. Serikali ya Uingereza huigawa bahari katika vitalu, yaani vipande ambamo kampuni hupewa leseni ya kutafuta mafuta, na mwaka huohuo vitalu kadhaa vilikuwa vikiuzwa kwa atakayetoa dau kubwa. Shell na Esso walitoa zaidi ya pauni milioni 21 kwa kitalu kimoja tu. Walikuwa wanajua kilichokuwa jirani. Washindani wao hawakujua. Ugunduzi ulitangazwa mwaka 1972.

Jina lilitokana na ndege. Shell ilikuwa na desturi ya kuyapa maeneo yake majina ya ndege wa majini kwa kufuata alfabeti: Auk, Brent, Cormorant, Dunlin, Eider, Fulmar, Gannet. Brent ni aina ya bata bukini mdogo mweusi. Baadaye wanajiolojia waliyapanga matabaka ya mwamba ule katika sehemu tano, Broom, Rannoch, Etive, Ness na Tarbert, ambazo herufi zake za mwanzo zinaliunda jina lilelile. Ndiyo maana wapo wanaosimulia kwamba jina la eneo lilitokana na matabaka hayo. Ukweli ni kinyume chake: ndege alitangulia, matabaka yakafuata. Desturi ya kuchagua majina ya kundi moja imefika hata bahari kuu ya Tanzania, ambako ugunduzi wa gesi uliitwa Zafarani, Lavani na Tangawizi katika kitalu kimoja, na Pweza, Chewa na Jodari katika vitalu vingine.

Uzalishaji ulianza mwaka 1976. Mwanzoni mafuta yalihifadhiwa katika boya kubwa lililoitwa Brent Spar na kupakiwa melini. Baadaye yakapitishwa kwenye bomba hadi Sullom Voe, Shetland. Kufikia mwaka 1982 eneo lilikuwa likitoa zaidi ya mapipa nusu milioni kwa siku. Hapa kuna jambo la kuangalia kwa makini. Bomba lile lilibeba pia mafuta ya maeneo ya jirani, yakachanganyika njiani. Mwaka 1990 yakaunganishwa na mafuta ya mfumo mwingine wa mabomba, wa Ninian. Kwa hiyo kilichouzwa kwa jina la Brent kilikuwa tayari mchanganyiko, hata kabla ya visima vya Brent kuanza kupungua.

Kwa nini mchanganyiko huo, na si mafuta ya Saudia yaliyokuwa mengi zaidi, ukawa kipimo cha bei? Mafuta ya Saudia yaliuzwa kwa masharti, na mnunuzi hakuruhusiwa kuyauza tena apendavyo. Ya Bahari ya Kaskazini yalikuwa na wauzaji wengi, yalipakiwa melini, na shehena moja iliweza kubadilisha mikono mara nyingi kabla haijafika bandarini. Panapouzwa na kununuliwa hadharani ndipo bei hujulikana. Mwaka 1988 soko la London likaanzisha mikataba ya Brent ya kukubaliana leo bei ya mafuta ya miezi ijayo, na jina likatia mizizi.

Visima vilipopungua, shehena nazo zikawa chache, na bei inayotokana na shehena chache ni rahisi kuchezewa na mfanyabiashara mmoja mwenye fedha. Dawa ikawa kuongeza aina nyingine katika kapu: Forties na Oseberg mwaka 2002, Ekofisk mwaka 2007, Troll mwaka 2018, na mwaka 2023 mafuta ya Midland kutoka Texas, Marekani. Aina iliyo rahisi kuliko zote, baada ya kusawazisha tofauti za ubora na usafiri, ndiyo huamua bei. Kwa hiyo zipo siku ambazo bei ya Brent ni bei ya mafuta yaliyovuka Atlantiki.

Kwa maoni yangu, kulihifadhi jina si kosa. Mikataba ya dunia nzima imeandikwa kwa jina hilo, na kipimo kinachobadilishwa jina kila mara hakiaminiki. Kosa liko kwetu waandishi, tunapoitaja Brent kana kwamba ndiyo bei ya petroli ya Mombasa au Mwanza. Kiwanda cha kusafishia mafuta cha Mombasa kilisimama mwaka 2013, na Tanzania nayo huagiza mafuta yaliyokwisha kusafishwa. Mafuta hayo yana bei yake ya soko, inayoweza kupanda hata Brent ikitulia, kisha hujumlishwa nauli ya meli na thamani ya shilingi mbele ya dola. Taarifa ya habari inayotaja Brent ingepaswa kuyataja na hayo matatu, maana ndiyo anayoyalipia mwenye bodaboda.