Wiki sita, Oscar tatu: rekodi za Maurice Jarre

Mkoa wa Songwe haushtuliwi ovyo na mambo makubwa. Pale Mbozi kimelala kimondo cha chuma cha tani zisizopungua 12, miongoni mwa vikubwa kabisa duniani. Basi kwa msomaji wa Tunduma sitapamba; rekodi za Mfaransa huyu, mtunzi wa muziki wa filamu, zinajieleza. Huenda umeshamsikia kwenye kibanda umiza bila kumjua jina, pale mtafsiri anaponyamaza kuvuta pumzi na muziki ukapata nafasi.

Tuzo kwanza. Jarre, mzaliwa wa Lyon mwaka 1924, alibeba Oscar tatu: Lawrence of Arabia (1962), Doctor Zhivago (1965) na A Passage to India (1984), zote filamu za Mwingereza David Lean. Mfaransa mwenzake Michel Legrand naye anazo tatu, ila moja ni ya wimbo tu. Kura yangu anaichukua Jarre.

Kazi ya mbiombio kuliko zote ni Lawrence: filamu ya zaidi ya saa tatu na nusu, na yeye akapewa kama wiki sita. Katika muziki alianza kama mpiga ngoma, na asili haijifichi. Mwanzoni, kwa zaidi ya dakika nne, skrini ni nyeusi tii, hakuna hata sura ya mtu, na ngoma kubwa za okestra ndizo zinazotangulia.

Lakini umahiri wake hasa ulikuwa kuitafutia kila filamu ala yake. Kwa Zhivago alitaka balalaika, ala ya Kirusi ya nyuzi tatu na tumbo la pembetatu. Wapigaji akawapata Los Angeles, kwenye kanisa la Kiorthodoksi la Warusi. Kumbe nota hawasomi! Akawakaririsha kipande kifupi kwa masikio mpaka kikawaingia, na ndicho hicho, muziki wa mhusika Lara, kilichopendwa kuliko vyote alivyotunga.

Kituko chake ni Witness (1985). Waamishi, watu wasiotaka umeme majumbani, wanasimamisha ghala kwa mikono yao, huku muziki wote ukitoka kwenye vinanda vya umeme. Na bado unakaa.

Filamu iliyomleta karibu nasi ni Gorillas in the Mist (1988), kisa cha mtafiti Dian Fossey na sokwe wa milima ya Virunga, Rwanda. Ilimpa Golden Globe, Oscar ikampita.

Rekodi ya umati ni ya mwanawe, Jean-Michel. Septemba 1997 alipiga muziki Moscow mbele ya watu wanaokadiriwa kufika milioni 3.5, zaidi ya mara mbili ya wakazi wote wa Songwe kwa sensa ya 2022. Tusisahau tu kwamba jiji lilikuwa linasherehekea miaka 850, na kiingilio hakikuwepo.